Mwanamume Hupimwa kwa Nini?

Ndugu Mkulima,

Pengine unaye mwana aliyekwenda Nairobi kutafuta kazi, na sasa ni miaka miwili hajafika nyumbani hata wakati wa mavuno. Usiharakishe kusema amepotea. Nilipokuwa Kawangware na Kibera, niliwauliza wanaume wa kazi za kawaida swali moja: mwanamume ni nani?

Kibarua mmoja wa mjengo huko Kawangware alijibu, "Ni yule anayeleta." Kila alfajiri yeye husimama kando ya barabara akingoja kuchaguliwa. Siku asipochaguliwa huchelewa kurudi chumbani, ili akute watoto wamekwisha lala. Kwa baba yake haendi, maana swali la kwanza mlangoni ni, "Umetuletea nini?"

Jirani yake hufua nguo za watoto wakati mkewe yuko sokoni akiuza mboga. "Walinicheka," alisema, "lakini wanangu huenda shule wakiwa safi."

Huko Kibera, mzee mmoja Mnubi alinikumbusha habari za askari wa Keya. Walipewa makao katika msitu ule mwanzoni mwa karne iliyopita, lakini hati hawakupewa. Mwaka 2017 ndipo jamii yao ilipopokea hati ya ekari 288. "Miaka hiyo yote tulikuwa wanaume," alisema, "hata bila karatasi."

Sasa fikiri. Mvua ikikosa na mahindi yakikauka, je, jirani husema wewe si mwanamume? La. Hutazama kama ulilima mapema, ukapanda mbegu nzuri na kupalilia kwa wakati. Kibarua naye ana mvua yake: leo yaja, kesho haiji. Mpime kwa bidii yake, kama vile wewe upendavyo kupimwa.

Basi yakupasa kufanya hivi. Kwanza, mpigie simu kabla ya palizi, umwambie kwamba mikono yake yahitajiwa. Pili, akifika mikono mitupu, mpe chakula kabla ya kumwuliza neno lo lote. Tatu, fanyeni kazi pamoja, nawe umsikilize. Mambo mengi asiyoweza kuyasema sebuleni atayasema mkiwa na majembe.

Atakaporudi mjini, mfungie debe la mahindi. Wale watoto anaowakwepa usiku ni wajukuu wako.