Nyenzo Mfukoni

Paukwa!

Mmeitikia vizuri. Lakini nawaonya mapema, wajukuu zangu: ya leo haianzi na hapo zamani za kale. Mambo yake makubwa yanatokea mwaka 802,701, na hilo si kosa la mpiga chapa.

Kuvuka miaka si habari ngeni kwetu. Mliosoma madrasa mnawajua vijana wa Pangoni. Walilala miaka 309, mbwa wao kanyoosha miguu mlangoni, wakaamka wakidhani wamelala siku moja au kipande cha siku, wakamtuma mwenzao na fedha yao akanunue chakula. Walifika mbele, tena mbali. Ila hawakuchagua siku ya kufika, wala hawakuwa na njia ya kurudi walikotoka. Walipelekwa. Mtu wetu wa leo anakwenda mwenyewe, kwa chombo, na chombo hicho kina tandiko.

Tandiko hilo ndilo lililonikamata. Kitabu ni cha Mwingereza H. G. Wells, kilitoka mwaka 1895, wakati Waingereza walipokuwa wamepagawa na baiskeli. Wells naye alikuwa mwendeshaji. Mwaka uliofuata alitoa riwaya nzima kuhusu safari ya baiskeli. Kwa hiyo alipotaka kumvusha mtu karne, hakumpa ungo wala busati la kuruka. Alimkalisha kama anayekwenda dukani, akamwekea nyenzo mkononi. Wenzo mnaujua: ule mkono unaousukuma au kuuvuta chombo kikatii, kama gia ya gari. Mbele yake kuna visahani vyenye mishale, kimoja kinahesabu siku, kingine maelfu ya siku, kingine mamilioni. Mwili wa mashine ni nikeli, jiwe angavu kama kioo, na pembe za ndovu. (Pembe! Miaka ile soko kubwa la pembe la Afrika Mashariki lilikuwa Unguja. Wells hasemi zake zilitoka wapi, nami sitamsingizia.)

Inaendaje? Hapo Wells ni mjanja. Hafungui boneti hata mara moja. Badala yake anakuuliza swali. Chukua sanduku lenye urefu, upana na kimo, lakini lisilodumu hata nukta moja. Lipo? Halipo. Basi kudumu nako ni upande wa sanduku, wa nne, na kama tunaweza kwenda kushoto na kulia, kwa nini tusiende jana na kesho? Wakati wageni mezani wanakuna vichwa, mwenye nyumba, ndiye msafiri wetu, anatoa kijimashine kidogo cha mfano, anamshika mgeni mmoja kidole na kumsukumisha kijiwenzo. Upepo unapita, mshumaa mmoja unazimika, na meza ni tupu. Mtoto akiona hivyo hadai tena maelezo, na mzee pia.

Kisha anapanda ile kubwa. Mtumishi wa nyumba, ambaye huvuka chumba polepole, anapita kama fataki. Usiku unafika kama taa iliyozimwa, kesho ikaja, ukafika tena. Mchana na usiku vikawa vinapigana mabawa, halafu vikachanganyika kuwa kijivu kimoja, na jua likawa utepe wa moto unaopanda na kushuka angani.

Anaposhuka yuko uwanjani, chini ya sanamu kubwa jeupe lenye mabawa. Kabla ya kusogea popote anafanya jambo ambalo kila mwenye bodaboda atalielewa: anazifungua zile nyenzo na kuzitia mfukoni. Maana chombo kisicho na funguo mwizi hawezi kuondoka nacho.

Na mwizi yupo. Juu ya ardhi wanaishi Waeloi, watu wadogo, wazuri, wavivu, wanaokula matunda na kuogopa giza. Chini ya ardhi wanaishi Wamorloki, weupe kama funza, wanaoendesha mitambo visimani. Wanakula nini hao wa chini nitawaachia mlisome wenyewe kitabuni, mchana. Usiku wa kwanza wanaiburuta mashine na kuifungia ndani ya msingi wa lile sanamu. Bila nyenzo ni chuma tu.

Sasa sikilizeni kipande ninachokipenda kuliko vyote. Mashine hiyo inakwenda katika wakati tu, haisogei mahali. Ilipoondoka ilikuwa pembe ya kusini-mashariki ya karakana. Aliporudi baada ya vituko vingi aliikuta imetua pembe ya kaskazini-magharibi, ukutani. Nani aliisogeza? Wamorloki! Umbali ule wa chumba ndio uleule walioiburuta kutoka uwanjani hadi kwenye sanamu, miaka laki nane baadaye. Sijaona mwandishi aliyeweka ushahidi mzuri hivyo mahali padogo hivyo.

Najua kuna mmoja wenu ameshanyoosha mkono. Ndiyo, dunia inalizunguka jua kwa kilomita 30 kila sekunde, na chombo kisichosogea mahali kingebaki kinaelea angani peke yake. Wells alilipita hilo kimyakimya. Mwacheni.

Na wa pili anauliza kama kuna kweli yoyote. Kidogo. Mwaka 1971 Hafele na Keating, wanasayansi wa Marekani, walipanda ndege za abiria za kawaida wakiwa na saa za atomi, wakaizunguka dunia. Saa zilizokwenda mashariki zilirudi zikiwa nyuma ya zile za nyumbani, yaani zilikuwa zimeruka kwenda mbele, kwa kiasi cha sehemu 59 za bilioni ya sekunde. Hiyo haitoshi hata kuchelewa shule. Kurudi jana, bado hakuna aliyeweza.

Msafiri wetu, kumbe, saa kumi alasiri alikuwa karakanani kwake, na jioni hiyohiyo aliingia chumba cha chakula akichechemea, nguo zina vumbi, ameishi siku nane katikati. Mfukoni alikuwa na maua mawili meupe aliyotiwa na Mweloi mmoja, Weena. Wageni hawakumwamini.

Kesho yake akachukua kamera na mkoba, akamwambia rafiki yake amsubiri nusu saa tu. Rafiki alisubiri. Kitabu kinapoisha imepita miaka mitatu, na bado anajiuliza mwenzake yuko wapi.

Ila fikirini kidogo. Mtu mwenye chombo kile akikaa huko miaka 40, akazeeka, anaweza kuurudisha wenzo na kutua karakanani dakika ya ishirini na tisa, rafiki hajachoka hata kusimama. Hana sababu yoyote ya kuchelewa.

Nusu saa ilipopita na mlango haukufunguka, rafiki alikuwa ameshapata jibu lake.