Farisi si Farisayo

Mwalimu asomapo Matendo ya Mitume, mlango wa 23, hukutana na majina mawili yanayokaribiana kwa sauti: Mafarisayo na wapanda farasi. Yafaa tuyatenge, maana asiyejua tofauti huweza kudhani ametukanwa, kumbe amesifiwa.

Zamani mpanda farasi aliitwa kwa neno moja, farisi. Asili yake ni Kiarabu. Waarabu humwita mnyama faras, na mpandaji wake faris, yaani askari apiganaye juu ya farasi. Kazi hiyo yataka ustadi mwingi: mkono mmoja humwongoza mnyama, wa pili hushika silaha. Basi farisi akawa pia mtu yeyote aijuaye kazi yake barabara.

Katika Kiswahili maana hii ya pili ndiyo iliyodumu. Wala si ajabu, kwa kuwa farasi hawakustawi katika sehemu kubwa ya nchi zetu. Mbung'o huwaambukiza nagana, na visubi huwaletea ugonjwa mwingine wenye kuua upesi. Huku Usukuma na Unyamwezi vita vilipiganwa kwa miguu. Hata rugaruga wa Mirambo, mtemi aliyefariki mwaka 1884, walikwenda kwa miguu. Hivyo neno lilimpoteza farasi, likabaki na ustadi.

Farisayo ni neno lingine kabisa. Limetoka katika lugha ya Wayahudi, likapita katika Kiyunani, na wengi hulieleza kuwa ni mtu aliyejitenga. Paulo mwenyewe alisema mbele ya baraza kwamba yeye ni Farisayo. Kisha, katika mlango ule ule, jemadari alimsafirisha usiku pamoja na askari 200, wapanda farasi 70 na wenye mikuki 200. Walipofika Antipatri wale wa miguu walirudi, nao wapanda farasi wakaendelea naye hata Kaisaria. Hao 70 ndio mafarisi kwa maana ya kale. Farisayo alikuwa mfungwa wao.

Basi, mzee wa pwani akimwambia mwanao, "Wewe ni farisi wa hesabu," usikasirike ukidhani ameitwa mnafiki. Mshukuru. Na hapa Mwanza, mtu aupitishaye mtumbwi kati ya mawe ya Ziwa wakati wa upepo mkali bila kugonga, yeye naye ni farisi, ijapokuwa hajapata kugusa farasi maisha yake yote.