Milima Iliyozaliwa Kwenye Karatasi

Nikiwa TP mwaka jana, mwanafunzi wa kidato cha pili aliniuliza, "Mwalimu, ramani inaweza kudanganya?" Nikajibu fasta: haiwezi. Nilimpotosha, tena kwenye Jiografia, somo langu mwenyewe.

Chukua Milima ya Kong. Mwaka 1798, Mwingereza James Rennell alichora safu ndefu ya milima kukatiza Afrika Magharibi. Msafiri Mungo Park alikuwa amesema aliona milima kwa mbali. Rennell akairefusha, maana aliamini Mto Niger haumwagi maji baharini upande wa kusini, hivyo alihitaji ukuta wa kuuzuia. Wengine wakanakili, wakaipamba kwa hadithi za dhahabu na theluji. Mwaka 1830 ndugu wawili, akina Lander, waliufuata Niger mpaka baharini. Ukuta haukuwa na kazi tena, lakini milima ikabaki ramanini! Mpaka Mfaransa Louis-Gustave Binger alipofika mji wa Kong mwaka 1888, asiione.

Watu wa Kong walikuwa wanaishi palepale siku zote.

Nikirudi darasani, jibu langu ni hili: "Inaweza. Kwanza tuulize, aliyeichora alifika?"