Uso wa Mwanao Hauna wa Akiba

Akina mama wenzetu wa Musoma, Bunda na Butiama, zamani mtoto alipigwa picha siku ya ubatizo, ikawekwa kwenye albamu sebuleni. Siku hizi picha yake hufika kwenye makundi ya WhatsApp kabla kitovu hakijadondoka. Ni furaha, nasi hatuikatazi. Lakini je, tunafahamu picha hiyo inaweza kufanya nini?

Kompyuta hutambuaje uso?

Programu ya utambuzi wa sura hupima nafasi kati ya macho, umbo la pua na la taya, ikavigeuza vipimo kuwa tarakimu, kisha ikazilinganisha na za picha nyingine. Ndivyo simu nyingine zinavyofunguka zikimwona mwenyewe. Namba ya siri ikiibwa, utaibadilisha. Uso je?

Tena mashine hukosea. Mwaka 2023 mjini Detroit, Marekani, mama mweusi mwenye mimba ya miezi minane alikamatwa kwa wizi asioufanya, baada ya kompyuta kumfananisha na mtu mwingine.

Hapa kwetu Mara

Kwetu hatari haingoji hata kompyuta. Msimu wa ukeketaji unapofika, mara nyingi Desemba, wapo mabinti wanaokimbilia nyumba salama, kama ile ya Butiama. Mgeni mwema akimpiga binti picha na kuisambaza, wanaomtafuta wamejua alipo. Na miaka ikipita, akiwa mke na mama, programu inaweza kuiunganisha picha ile na sura yake ya ukubwani.

Tufanye nini?

1. Tusiweke pamoja picha ya mtoto, jina lake kamili na shule yake.

2. Mtoto mgonjwa au aliyedhulumiwa asionyeshwe uso kabisa. Sisi wauguzi hufundishwa kutunza siri ya mgonjwa, na uso ni sehemu ya siri hiyo.

3. Anayetaka kumpiga mtoto picha tumwulize: ni ya kazi gani, na nani ataitunza? Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 huzihesabu taarifa za watoto na za alama za mwili kuwa nyeti. Malalamiko hupelekwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.

4. Mtoto anayeelewa aulizwe mwenyewe, na akikataa asikilizwe.

Aliye bado mgongoni hawezi kukataa. Huyo tumsemee sisi mama zake.