Jaji asiyevua helmeti

Katika duka moja la movi hapa Gatuanyaga, karibu na Thika, Dredd haikuwekwa pamoja na filamu nyingine za 2012. Imewekwa palipo wazi, penye zile zinazoulizwa kila wakati. Wateja hawaijui kwa jina. Wanataka ile ya jamaa asiyevua helmeti, na mwenye duka anachomeka flashi.

Nilishangaa, maana filamu hiyo ilianguka vibaya. Ilikadiriwa kugharimu kati ya dola milioni 30 na 45. Duniani kote ikakusanya kama milioni 41, na sehemu ya hizo hubaki na majumba ya sinema. Wikendi ya kwanza Marekani iliambulia milioni 6 na ushei. Sababu zilizotajwa: watu walikumbuka filamu ya awali ya jaji huyohuyo, ile ya Sylvester Stallone ya 1995 iliyowachosha, tiketi nyingi zilikuwa za 3D, na haikuwa filamu ya watoto.

Kwa mwenye duka, hizo ni sababu ndogo. Kubwa ni helmeti. Sinema huuza sura, anasema, na watengenezaji wa Dredd walimlipa Karl Urban kisha wakamfunika. Stallone aliivua mapema, ili pesa ya sura yake ionekane. Urban haivui hata mara moja, sawa na Jaji Dredd wa vibonzo vya Uingereza vilivyoanza 1977. Unabaki na kidevu, na mdomo uliopinda kama wa mtu aliyerudishiwa chenji pungufu. Hapo mwenye duka alisahau kazi, akasogeza filamu hadi jaji anapopigwa risasi, akataka nitazame taya tu: linavyokaza, linavyolegea, linavyokaza tena. Anadai watu wa bodaboda ndio mashabiki wakubwa, kwa kuwa wao humsoma mtu akiwa ndani ya helmeti kila siku.

Anaihesabu na za masupahiro, ingawa jaji hana nguvu zozote za ajabu. Mwenye nazo ni Anderson, msichana aliye kwenye majaribio ya kazi. Hadithi yenyewe ni nyepesi kushika: wawili wamefungiwa katika jengo la ghorofa 200, na adui yuko juu. Ukiingia dukani katikati ya filamu, hupotei. Na ule mji wa kubuni ni Johannesburg iliyoongezewa majengo.

Baadaye DVD zilinunuliwa kwa wingi, na mashabiki wakaomba sehemu ya pili kwa miaka. Haikuja. Nakala za Gatuanyaga hazikuhesabiwa popote, wala aliyeitengeneza hakuona hata shilingi yake. Nilimuuliza mwenye duka kama haoni kwamba naye aliinyima mapato filamu anayoipenda. Alijibu kwamba hakuwahi kuona bango lake Thika, kwa hiyo hakuna tiketi aliyoiua. Kisha akaniuliza: mteja anayetoa shilingi ishirini kwa movi akitaka kumlipa mwenye kazi, azipeleke wapi, na nani atazipokea?