Bonde la Ngono na Mafunjo Yake

Leo tuzungumze juu ya ardhi ile ya bondeni, yenye mafunjo na tope, ambayo wengi wetu tunaitazama tukisema: "Hapa pangekauka, ningepata shamba zuri!" Ngoja kwanza.

Wewe uliyeko Muleba au Bukoba unajua kwamba vilima vyetu vimepangana sambamba na Ziwa Victoria. Mvua inayonyesha upande wa magharibi wa vilima hivyo haiendi moja kwa moja ziwani, ingawa ziwa liko karibu. Hushuka katika bonde la Mto Ngono, ikaelekea kaskazini polepole, ikaingia Mto Kagera. Kagera nao hupita Uganda ndipo umwage maji ziwani. Safari ni ndefu, na sehemu kubwa yake ni ndani ya mafunjo.

Huko kaskazini, wilayani Missenyi, kuna msitu wa hifadhi wa Minziro, wenye hekta zipatazo 25,000. Mto Kagera ukifurika, miti husimama ndani ya maji. Msitu huo una miti ya jamii ya misitu ya Kongo, na aina za vipepeo zaidi ya 500. Katika mafunjo ya bonde la Kagera huishi nzohe, mnyama wa jamii ya pongo, mwenye kwato ndefu zilizotanuka ili asizame topeni. Kamongo hujichimbia humo wakati wa kiangazi. Samaki kama ningu hupanda mito wakati wa mafuriko kwenda kutaga mayai.

Sasa utauliza: mimi mkulima nafaidi nini? Mafunjo ni kama sifongo. Masika hunyonya maji, kiangazi huyaachia kidogo kidogo. Tena huchuja tope na mbolea inayotoka mashambani. Mbolea ikifika ziwani huyalisha magugumaji, yale yaliyolivamia ziwa letu miaka ya 1980.

Ukichimba mfereji ukakausha tope, msimu wa kwanza utavuna vizuri, huo ni ukweli. Lakini udongo ule ni mboji tupu. Ukikauka hunywea, hupasuka, na moto ukiingia huwaka hata chini ya ardhi. Baada ya misimu michache mavuno hupungua, na jirani yako wa chini amekosa maji. Hapo ndipo ugomvi huanza.

Basi, fanya hivi:

Kwanza, acha mita 60 kutoka ukingo wa mto au ziwa. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza humo shughuli za kudumu zinazoweza kuharibu mazingira.

Pili, bustani ya nyanya na kabichi ilime nje ya mita hizo, umwagilie kwa ndoo.

Tatu, usipande mikaratusi karibu na chemchemi. Inakunywa maji mno.

Nne, ukikata mafunjo ya mikeka au ya kuezekea, using'oe mizizi. Yatachipua tena.

Tano, tandaza nyasi kibanjani na uchimbe makinga maji, ili udongo wako usihamie bondeni.

Ukiwa na shaka, muulize bwana shamba kabla hujashika jembe. Mfereji huchimbwa kwa siku mbili, lakini kuyarudisha mafunjo ni kazi ya miaka. Kazi njema, ndugu mkulima.