Kuoanisha simu na gari ni kazi ya dakika mbili, kuachana ndiko tunakosahau

Magari mengi tunayoendesha hapa Pwani yameshuka Kilindini yakiwa yameshatumika Japani. Sheria ya Kenya hairuhusu kuingiza gari lililozidi umri wa miaka minane, kwa hivyo gari unalolinunua huwa si kuukuu sana, na aghalabu redio yake ina skrini kubwa na ina Bluetooth. Taabu ni kwamba skrini yenyewe inazungumza Kijapani. Mwenye gari akishaona yale maandishi hukata tamaa, akaishia kuendesha kwa mkono mmoja na simu sikioni. Haipiti wiki barazani kwetu bila mtu kuniuliza namna ya kuunganisha simu yake na gari. Nimeona bora niyaandike, na niongeze jambo moja ambalo hakuna anayeniuliza: namna ya kuiondoa.

Kwanza tuelewe kwa nini redio yenyewe haitoshi. Kule Japani FM ilianzia 76 na kuishia 90, na hata baada ya kuongezwa haivuki 95. Huku kwetu FM huanzia 87.5 hadi 108. Ndiyo maana redio nyingi za Kijapani hunasa stesheni chache tu za chini. Baraka FM iko 95.5 na Pwani FM iko 103.1, na redio inayokomea 90 haiwezi kuzifikia hata ukiipiga makofi. Kwa wengi wetu, simu ndiyo njia nyepesi ya kusikia kisomo, taarabu au taarifa ya habari ndani ya gari.

Bluetooth ni mawimbi ya redio ya masafa mafupi, kama mita 10 hivi. Haili bando. Ukicheza kaswida uliyokwisha kuihifadhi kwenye simu, hutumii hata senti. Bando huliwa pale tu unaposikiliza kitu kinachotoka kwenye intaneti, kama stesheni ya redio au YouTube.

Simu iliyowekwa Kiswahili huandika "Oanisha kifaa kipya", na mimi naona aliyelichagua neno hilo alifikiri vizuri. Kuoanisha kunataka ridhaa ya pande mbili. Gari lazima likubali kuonekana, simu lazima iliite, kisha wote wawili wathibitishe. Baada ya hapo hukumbukana, na kila ukiwasha gari huunganika wenyewe.

Fanya hivi, gari likiwa limesimama. Kwenye simu ingia Mipangilio, nenda kwenye vifaa vilivyounganishwa, washa Bluetooth na uache ukurasa huo wazi. Kwenye gari, tafuta alama ya simu au ya Bluetooth. Ikiwa skrini ni ya Kijapani, kuna maneno matano ya kuyajua: 設定 ni mipangilio, 登録 ni kusajili simu mpya, 接続 ni kuunganisha, 削除 ni kufuta, na 初期化 ni kurudisha redio ilivyotoka kiwandani. Hayo mawili ya mwisho usiyabonyeze bila sababu, lakini tutayarudia. Neno lingine likikutatiza, programu ya Google Translate ina kamera; ielekeze kwenye skrini ikusomee.

Bonyeza 登録. Jina la gari litatokea kwenye simu yako, liguse. Tarakimu sita zitaonekana pande zote mbili. Zikifanana, kubali. Redio za zamani kidogo huonyesha au hutaka namba fupi, mara nyingi 0000 au 1234.

Kazi hii ifanyie nyumbani, si kwenye foleni ya feri pale Likoni. Magari yamebanana, kila mmoja kawasha yake, na orodha inaweza kukujia na majina ya vifaa vya watu usiowajua. Tarakimu sita zimewekwa kwa ajili hiyo hasa, uhakikishe umeunganishwa na gari lako wala si la jirani. Usikubali bila kuzisoma.

Lalamiko ninalolisikia zaidi ni hili: "Simu zinaingia vizuri, lakini muziki hausikiki." Sababu ni kwamba Bluetooth hubeba mazungumzo ya simu kwa njia moja na muziki kwa njia nyingine. Kwenye simu, gusa jina la gari uangalie kama vyote viwili vimeruhusiwa. Kisha hakikisha redio yenyewe imewekwa upande wa Bluetooth na wala si FM au CD, na upandishe sauti ya simu pia. Ikiwa bado, yawezekana redio hiyo ilitengenezwa kwa mazungumzo tu. Tumia waya wa AUX ikiwa tundu lake lipo.

Wako pia wenye magari yasiyo na Bluetooth kabisa, wanaonunua kile kidude cha kuchomeka kwenye tundu la kiberiti cha sigara. Simu huongea nacho kwa Bluetooth, nacho hurusha sauti kwenye redio kwa FM. Vingi huanzia 87.5, na redio ya Kijapani ya zamani inakomea 90. Hivyo nafasi ya kukutana ni hapo katikati tu. Tafuta penye kimya kati ya hizo mbili, uweke namba moja kwenye redio na kwenye kidude.

Sasa nije kwenye lile lililonifanya nishike kalamu. Wakati wa kuoanisha, simu hukuuliza kama unaruhusu gari lisome majina na kumbukumbu za simu ulizopiga. Wengi hubonyeza "ruhusu" bila kusoma. Ukikubali, orodha yako huingia kwenye redio, na baadhi ya redio huihifadhi hata simu ikishaondoka. Magari mengine huonyesha hadi ujumbe mfupi. Ujumbe wa M-Pesa unaingia, abiria aliye pembeni anajua umetumiwa kiasi gani na nani.

Jamaa yangu mmoja alikodi gari kwenda harusini Malindi. Alipofungua sehemu ya simu alikuta majina ya watu wengine wazima: mama wa mtu, daktari wa mtu, mwalimu wa madrasa, na nambari zao kamili. Waliokodi kabla yake waliteremka wakaenda zao, na aila zao zikabaki kwenye skrini. Siku hizi matapeli wa simu wanatafuta kujua wewe ni nani wako na nani. Orodha kama ile, mtu akipiga na kusema "mwanao amepata ajali", ni mtaji tosha.

Hata nyumbani kuna fedheha ndogo ndogo. Mita 10 zinavuka ukuta. Bwana anawasha gari uani, simu ya bibi iko chumbani nayo ilishaoanishwa, ikilia mazungumzo yanatokea kwenye spika za gari na mlango uko wazi. Hakuna aliyedukua kitu hapo. Redio imeshika simu ya kwanza inayoijua.

Kwa hivyo shika mambo haya. Kwenye gari lisilo lako, kataa ombi la kusoma majina. Mazungumzo na muziki vitafanya kazi vilevile. Ukirudisha gari la kukodi, au ukimwachia dereva mwingine moja kwa moja, futa simu yako kwenye redio kwa 削除, kisha kwenye simu uliambie lisahau gari hilo. Kufuta upande mmoja hakutoshi: orodha iliyo kwenye redio haiondoki kwa kubonyeza kitu kwenye simu. Na ukitaka kuunganisha upya, upande uliobaki na kumbukumbu ya zamani huweza kukataa. Ukiuza gari, bonyeza 初期化 kabla hujakabidhi funguo. Ukinunua, fanya hivyo hivyo, kwani redio nyingi zina nafasi ya simu chache tu, na zikijaa hukataa mgeni.

La mwisho ni la barabarani. Sheria za trafiki zinamkataza dereva kutumia simu gari likiwa katika mwendo, na Bluetooth si ruhusa ya kupekua skrini ukishuka Nyali Bridge. Chagua cha kusikiliza kabla hujaondoka. Simu ikiingia, ongea maneno mawili, umwambie utampigia ukifika. Na kumbuka kumwambia pia kwamba yuko kwenye spika na una abiria, kabla hajasema ambalo hakutaka wengine walisikie.